Barua ya wazi kwa wenye dhamana ya ardhi Zanzibar: njooni mtuandikie eka tatu zetu wazee wetu wakiwa hai

Kwa waheshimiwa mliopewa dhamana ya ardhi na kilimo katika Serikali ya Mapinduzi ya Zanzibar, na kwa Wawakilishi wetu mnaokaa kule Chukwani,

Assalaam alaykum.

Mimi ni mtoto wa mkulima wa eka tatu, yale mashamba ya serikali waliyogaiwa wazee wetu baada ya Mapinduzi, Wilaya ya Magharibi A, Unguja. Shehia sitoitaja kwa sababu sitaki mtu aje amsumbue baba, na pia haya nnayoyasema si ya shehia moja, toka Mwera nenda Kianga, panda Dole teremka Bumbwisudi, utayakuta nyumba kwa nyumba, ila watu wanayafunika kwa sababu ni aibu ya ndani. Miye leo naifunua ya kwetu. Naandika kwa simu, saa tano za usiku, baba kajilaza lakini najua hajalala namsikia anakohoa, na kaka zangu wawili wameondoka tokea magharibi kwa hasira na sijui wamelala wapi.

Leo baada ya laasiri kaja mtu na gari, kateremka na vijana wawili wana futi ya kupimia na vigingi. Baba alikuwa chini ya mfenesi anasuka pakacha. Yule bwana kamsalimia vizuri tu, kwa heshima, baba kamuitikia, akamuuliza unatafuta nini mwanangu, akasema nimekuja kuangalia viwanja vyangu. Baba akadhani mtu wa watu kapotea njia, akamuonesha kwa mkono kule kwa jirani aliyeuza mwaka juzi. Yule bwana akatoa simu, akasoma jina. Jina la kaka yangu wa pili.

Kumbe kaka keshapokea advansi. Milioni tatu, na baadhi yake keshaitumia kulipa kodi ya chumba na deni la pikipiki. Alipoitwa akaja, hakukataa, akasimama mbele ya baba akasema ndiyo baba nimepokea, na nilikuwa nakuja kukwambia. Baba akasimama, mzee wa miaka sabini na kitu, mikono inamtetemeka, akamwambia, "Miye hii sikuinunua. Ntauzaje kitu nsichokinunua?" Kaka akamjibu, "Na sisi baba tutakaa wapi? Tutakaa kwenye jina la babu?" Hapo baba akamwambia toka kwenye kivuli cha mti wangu. Mama akakaa chini mlangoni akalia. Na yule mnunuzi masikini ya Mungu kasimama pale hajui aangalie wapi, mana na yeye hakuiba, katoa pesa zake.

Sasa mnielewe, mimi sikuja kuwasema kaka zangu kwenu, na wala sikuja kumtetea baba kwa kila kitu. Nimekuja kwenu kwa sababu ugomvi huu tunagombana sisi lakini chanzo chake kipo mezani kwenu, na mnaweza kuuondoa kwa siku moja ya kuja kukaa na sisi pale chini ya mfenesi mkatwambia na mkaandika nani ana haki gani kwenye kipande hiki. Hakuna aliyewahi kutwambia. Tokea 1966 mpaka leo hakuna.

Ngoja nianze na babu, mana bila babu hamtomuelewa baba.

Babu kabla ya Mapinduzi alikuwa mkaazi tu kwenye shamba la mwenyewe. Analima muhogo na viazi chini ya mikarafuu ya watu, analipa kwa kupalilia na kwa kuchuma msimu ukifika. Na mkaazi alikuwa hana ruhusa ya kupanda mti wa kudumu. Muhogo panda, mahindi panda, lakini usipande mnazi, usipande mkarafuu, kwa sababu kwetu sisi huku mti ni mali peke yake na ardhi ni mali peke yake, na mwenye mti ana neno kwenye pahala mti ulipo. Mkaazi akipanda mti keshaanza kuwa mwenyewe. Kwa hiyo babu kaishi mpaka kazaa bila kuwa na hata mti mmoja wa kwake duniani.

Halafu yakaja Mapinduzi ya Januari 12, 1964, ardhi ikawa ya serikali, na Mzee Karume akaanza kuwagaia watu eka tatu tatu kuanzia 1965. Babu akapata zake 1966. Baba alikuwa mtoto wa skuli, anasema anakumbuka babu alirudi nyumbani na ile karatasi kaitia kwenye kofia yake ili isilowe jasho, na hakulala usiku ule, asubuhi yake kitu cha mwanzo alichofanya, kabla hata ya kupima mpaka vizuri, kapanda mfenesi. Huo mfenesi ndo baba anaosukia makuti chini yake. Ndo ule aliomwambia mwanawe atoke kwenye kivuli chake.

Basi mkisikia wazee wetu wanang'ang'ania shamba msidhani ni ukaidi wa uzee. Kwa baba kukata ule mti na kuweka pale msingi wa nyumba ya mtu ni kumrudisha babu kule alikotoka.

Lakini kaka zangu na wao wana maneno, na maneno yao ni ya kweli. Kaka mkubwa ana watoto wanne, anakaa chumba kimoja cha kukodi mjini, watoto wakubwa wa kike na wa kiume wanalala pamoja. Wa pili kamaliza chuo, kazunguka na vyeti mpaka vimechakaa, sa hizi anaendesha bodaboda. Wa tatu yuko Dar. Wote watatu wanajua kwao wana eka tatu, na wote watatu wanalipa kodi kwa watu. Sensa ya 2012 ilituhesabu Wazanzibari 1,303,569, ya 2022 ikatuhesabu 1,889,773. Karibu laki sita zimeongezeka kwa miaka kumi na kisiwa hakikuongezeka hata shubiri, na watu hao wengi wao wanataka kukaa karibu na mji, na karibu na mji ndo kwetu. Kwa hiyo shamba ambalo babu alipewa lipo mbali porini, leo daladala inapita mlangoni, umeme upo, na kila Ijumaa haipiti bila dalali kusimama njiani kuuliza mzee yupo?

Siku moja kaka wa pili kanikalisha chini akanipigia hesabu kwa kalkuleta ya simu. Eka tatu ni kama mita za mraba 12,140. Kiwanja cha 15 kwa 20 ni mita 300. Toa njia, toa pale penye nyumba ya baba, vinabaki viwanja kama thalathini. Kaniambia dada, tupo juu ya viwanja thalathini na mwanangu analala chini ya meza. Sikuwa na la kumjibu. Mpaka leo sina.

Ila na mimi nilimpigia hesabu yangu, kwa kalamu, na hii nataka na nyinyi waheshimiwa muisome taratibu. Hati ya hili shamba mpaka leo ni jina la babu. Babu kafariki 1991. Hatukuwahi kufanya mirathi ya shamba kwa sababu tuliambiwa eka tatu hazirithiwi kama mali nyengine, mwengine akatwambia zinarithiwa lakini hazikatwi, mwengine akasema aliyebaki analima ndo mwenyewe. Haya, tuseme zinarithiwa kwa fungu la dini. Bibi katangulia naye, babu kaacha watoto watatu, baba yangu, ami yangu aliye bara na shangazi. Baba fungu lake ni mita 4,856, sawa na ami, na shangazi nusu yake, 2,428. Njoo kwa baba sasa, siku Mungu atakapomchukua, na Mungu amuweke. Mama thumuni yake, mita 607. Zilizobaki tugawane watoto watano, wanaume watatu na wanawake wawili. Kaka kila mmoja mita 1,062. Mimi 531. Yaani kutoka eka tatu za babu mimi mjukuu wake nnayelima pale kila siku nnapata thumuni ya eka moja na kidogo juu, chini ya viwanja viwili. Kwa hiyo vile viwanja thalathini alivyovihesabu kaka si vya kwake, vya ami, vya shangazi, vya mama, vyangu mimi na dada yangu. Ami akisikia leo kwamba viwanja vimeuzwa atapanda boti kesho, na vita vitakuwa vipya.

Na hapo ndo swali langu la kwanza kwenu. Hizi eka tatu zilitolewa zilimwe, zisiuzwe wala zisikatwekatwe, hilo kila mtu analijua na viongozi mnalirudia kila mkishika maikrofoni. Fungu la mirathi nalo linataka kila mtu apewe chake. Sasa mtu akifa mnataka tufanyeje? Tukigawa tumevunja masharti ya ardhi. Tusipogawa tumekula haki ya shangazi. Tunaomba jibu lililoandikwa, la Kiswahili, la wazi, ambalo mama yangu anaweza kusomewa akalifahamu, mana tangu ile Sheria ya Umiliki wa Ardhi ya 1992 ni zaidi ya miaka thelathini, na ikaja Kamisheni ya Ardhi 2015, na sisi bado tunaishi kwa "nimesikia".

Hatukukaa tu kimya. Mwaka jana nilimchukua baba tukaenda ofisi moja, sitoitaja, kuomba hati ibadilishwe jina au angalau warithi waandikwe. Mara ya kwanza tumeambiwa faili halionekani, tuache nambari ya simu. Mara ya pili tumeambiwa tulete cheti cha kifo cha babu, na babu kafia nyumbani, kazikwa na watu wake, cheti hana. Mara ya tatu kijana mmoja, na alikuwa mpole sijamuona na ubaya, akamwambia baba, mzee wewe una wasiwasi gani, nani atakutoa kwako? Baba akacheka, tukarudi. Ndo baba alivyoridhika, kwamba hakuna wa kumtoa. Na kweli aliyekuja kumtoa hakutoka mbali.

Sasa niwaambie hiki kilichoniuma zaidi leo. Yule mnunuzi alikuwa na karatasi. Nimeiomba nikaisoma. Haikuandikwa kwamba ardhi imeuzwa, la. Imeandikwa "mauziano ya vipando". Minazi sita, migomba, mfenesi mmoja. Na imepigwa muhuri, na mashahidi wawili. Yaani kila mtu aliyeshika kalamu pale anajua kwamba hakuna mtu duniani anayenunua minazi sita kwa bei ile, anajua ni ardhi inayouzwa, lakini kwa kuwa ardhi haiuziki kwenye karatasi basi wameuza miti na ardhi ikafuata chini yake.

Nimekaa nikafikiri mpaka kichwa kikaniuma. Babu alikatazwa kupanda mti ili asije akawa na neno kwenye ardhi ya watu. Akapata ardhi, akapanda mti. Leo mti ule ule ndo unaotumika kumtolea mwanawe kwenye ardhi. Na barabara ikipita vile vile, mkija kulipa fidia mnahesabu miti, mnazi huu kiasi gani na mgomba ule kiasi gani, na ardhi yenyewe hamuihesabu kwa sababu ni ya umma, ipo chini ya dhamana ya Rais. Sawa, tumekubali ni ya umma. Lakini mbona dalali anaipatia bei? Mbona kila mtu mjini anajua bei yake isipokuwa aliyekuwa anailima?

Samahani kama nnapaza sauti. Naendelea.

Najua mtasema vijana hawataki kulima. Hilo nalikataa, na hapa nitamsema baba yangu, naye najua atanisamehe. Kaka wa pili alivyomaliza chuo alirudi shamba. Alikaa miezi minane. Alimuomba baba nusu eka apande tungule na matikiti, aweke mipira ya matone, alikuwa keshaenda mpaka kwa watu wanaolima hivyo akaona kwa macho yake. Baba akakataa. Akasema pale ni pahala pa muhogo na muhogo haudanganyi mtu. Kaka akamwambia muhogo unakaa karibu mwaka mzima chini, tungule miezi mitatu. Baba akasema wewe umekuja jana. Basi kaka akapewa kipande cha chini, kule maji yanakotuama, akalima, masika yakaja yakaondoka na kila kitu. Hakuna bwana shamba aliyekuja kumwambia hapo chini panda mpunga au majimbi, juu panda tungule. Kaka akauza hata ile mipira akalipia advansi ya pikipiki. Siku ile ndo alipoacha kuliita "shamba letu", akaanza kuliita "shamba la mzee".

Kwa hiyo mtoto kakosa ruhusa ya kulima kwa sababu si lake, na baba kakosa nguvu ya kulima kwa sababu kazeeka, na ardhi katikati imekaa. Ardhi iliyokaa karibu na mji inaitwa kiwanja. Lau baba angekuwa na njia ya kisheria ya kusema huyu hapa mwanangu nampa nusu eka hii alime miaka kumi, imeandikwa, haiuzi lakini hafukuzwi, naamini kaka leo angekuwa anabishana na bei ya tungule sokoni na si na baba yake.

Na mimi? Mimi niliachika miaka sita iliyopita, nikarudi nyumbani na watoto wawili. Nina robo ya eka pale nyuma ya kisima. Mchicha, bamia, pilipili mbuzi, mabilingani. Alfajiri nnapanda daladala na mapakacha yangu mpaka sokoni Mwanakwerekwe, saa tatu nimerudi. Sijatajirika. Lakini watoto wangu wanasoma, na sijamuomba mtu ada tokea nilivyorudi. Siku ile kaka ananipigia hesabu ya viwanja thalathini nilimuuliza mimi na dada tumo kwenye hesabu? Akasema dada wewe utaolewa tena inshallah. Hakusema kwa ubaya. Kaka yangu ananipenda, alinibebea mizigo yangu mwenyewe siku nilivyoachika. Lakini alisema kama kitu kinachojulikana na kila mtu, kwamba mwanamke yupo shambani kama mgeni aliyechelewa kuondoka. Na ile karatasi ya leo, nipo nyuma ya kisima mimi, kile kipande changu kimo ndani ya vigingi. Minazi sita imehesabiwa, mchicha wangu haukuhesabiwa.

Nenda mashamba ya huku saa kumi na mbili za asubuhi uone nani ana jembe mkononi. Wanawake. Halafu nenda kwenye mauziano uone nani anatia saini.

Jirani yetu upande wa kusini aliuza mwaka juzi, watoto wake walimshinda. Eka tatu nzima, zimekatwa viwanja bila ramani, njia yake hata gari ya wagonjwa haipiti, mashimo ya vyoo yamechimbwa karibu na kisima chetu kiasi kwamba sa hizi maji ya kunywa tunachemsha. Masika yakinyesha maji ya mabati yote yale yanateremka kwetu kwenye migomba kwa sababu hakuna mtaro. Pesa waligawana wanaume, mmoja kanunua gari ikafa, mwengine kajenga nyumba mpaka lenta ikasimama, na yule mzee mwenyewe anakaa kwa mtoto wa dada yake. Ananijia asubuhi nyengine ananiomba mchicha. Alikuwa na doriani na mashokishoki ambayo msimu wake ulikuwa mtaa mzima unakula.

Mwengine upande wa mbele hakuuza ardhi, aliuza mchanga. Matipa yakaja usiku na mchana, mji unajengwa unataka mchanga, wakachimba mpaka wakakuta jiwe. Ardhi bado ni yake, hati bado anayo, lakini lile shimo halioti kitu, mvua ikinyesha linakuwa ziwa na watoto tunawafungia ndani wasiende kuogelea. Hilo halitazibika tena katika maisha yangu. Angalau kiwanja kuna siku mtu anaweza kupanda mwembe uani.

Na huku tunazungumzia chakula. Mchele tunaokula mwingi unakuja na meli, ule tunaouita Mapembe ukipanda bei kila nyumba inajua siku hiyo hiyo. Kilichobaki kinachotoka kwenye udongo wetu wenyewe ni muhogo, ndizi, majimbi, matunda na mboga, na sehemu kubwa inatoka mashamba haya haya ya pembeni ya mji yanayogeuka msingi mmoja mmoja. Sijui mnapopita na magari kwenda mikutanoni kama mnaangalia nje. Miye napita na daladala na naona, pale palipokuwa na shamba Ramadhani iliyopita Ramadhani hii pana matofali.

Kwa hiyo naomba nini.

Naomba kwanza mje. Si semina hotelini, mje shambani, shehia kwa shehia, na wapimaji na mtu wa sheria na mtu anayejua mirathi, mkae na kila familia ya eka tatu wakati wale wazee waliopewa au waliorithi kwa waliopewa bado wana kumbukumbu. Baba anajua mpaka wa shamba kwa miti, huu mzambarau ni mpaka, ule mnazi uliopinda ni mpaka. Hakuna ramani ninayoijua mimi yenye mzambarau ule. Akifa baba ule mpaka umekufa, na hapo ndo kesi za Mahakama ya Ardhi zinapozaliwa, watu wanakaa mahkamani miaka wanagombania mti ambao ungeweza kuandikwa kwa dakika mbili mzee alipokuwa hai. Cheti cha kifo cha 1991 kama hakipo basi wapo watu waliomzika, waulizeni, waapisheni, yaishe.

Na mkija muwaandike warithi wote kwa majina, wa kike kwa wa kiume, walio bara na walio nyumbani, na muandike nani analima wapi. Mkiwaandika wanawake tu hata hamkufanya chengine mtakuwa mmezuia nusu ya mauzo haya, kwa sababu mauzo yanakwenda haraka pale ambapo anayeuza haulizwi wenzako wako wapi.

Halafu hizi karatasi za vipando. Mnazijua. Naomba msijifanye hamzijui. Litolewe agizo kwamba hakuna muhuri wowote wa shehia wala wa wilaya unaogonga mauziano ya vipando ndani ya eka tatu mpaka mwenye hati au warithi wote wawe wamesimama pale, na mnunuzi asomewe kabla hajatoa pesa kwamba anachonunua ni miti. Yule bwana wa leo lau angesomewa asingetoa milioni zake tatu, na kaka asingekuwa na deni ambalo hatujui tutalilipa vipi.

Na kwa kaka zangu pia naomba. Kama mji lazima uje, na naona unakuja, basi uje kwa mpango na sisi tumo ndani. Kuna familia zingekubali kutoa sehemu kwa ajili ya nyumba za watoto wao, ipimwe, iwe na njia na mtaro, na sehemu iliyobaki iandikwe ni ya kilimo na isiguswe. Baba mwenyewe nilimuuliza mwezi uliopita, nikamwambia baba, ingekuwa kaka mkubwa anapewa pahala pa kujenga pale karibu na njia, nyumba moja tu, ungekubali? Alinyamaza muda mrefu. Akasema, "Kwani nilishawahi kumkataza? Miye najua mtu akijenga karatasi inasema hairuhusiwi." Mnaona? Mtoto anadhani baba anamnyima. Baba anadhani serikali inakataza. Na hawakuwahi kuambiana, miaka yote hii, mmoja analipa kodi mjini na mwengine anaogopa karatasi.

Usiku huu nimempigia simu kaka wa pili mara nne hakupokea. Ya tano kapokea, hakusema kitu, nikamsikia anavuta pumzi tu. Nikamwambia rudi nyumbani, baba hajalala. Akasema atakuja asubuhi. Yule mnunuzi kasema atarudi Ijumaa baada ya sala, anataka viwanja vyake au pesa yake, na ana haki. Tunayo siku nne. Mimi nitauza pilipili yote hata mbichi, dada yangu kasema atatoa pete yake, tutaona tutafika wapi.

Hati ya babu ipo ndani ya mfuko wa plastiki, imekunjwa mara nne, mstari wa katikati umeanza kuchanika. Baba anaiweka chini ya godoro upande wa ukutani. Mkija hata bila kutoa taarifa mtatukuta, mimi asubuhi nakuwa sokoni lakini saa tatu nimesharudi. Nitaitoa mimi mwenyewe na mkeka nitautandika.

Wenu,
Mtoto wa kike wa mkulima wa eka tatu,
Magharibi A, Unguja